Mwalimu Asiye na Namba: Historia ya Kazi ya Muda katika Maniema ya Kusini



Katika parokia zetu za Kasongo na Kabambare hakuna asiyemfahamu mwalimu wa namna hii. Ana diploma ya Serikali. Kila asubuhi hufika shuleni kabla ya kengele, huandika tarehe ubaoni, huita majina ya watoto. Amefanya hivyo miaka sita, au minane, au zaidi. Mkurugenzi wa shule humtegemea, na wazazi humsalimu njiani kwa heshima. Lakini mwisho wa mwezi, wenzake wanapokwenda kupokea mshahara, yeye hubaki nyumbani, kwa maana jina lake halimo katika listi ya malipo. Maofisini humwita "NU", ufupisho wa maneno ya Kifaransa yenye maana ya "unite mpya". Neno hilo "mpya" humfuata hata kichwa kinapoanza kuota mvi. Jirani yake huitwa "NP": huyo amekwisha kupata namba ya matrikili, lakini halipwi.

Swali tunalotaka kulitafakari pamoja nanyi ni hili: je, mtu aliyeifanya kazi ya Serikali kwa miaka mingi bila kuandikishwa, ana haki ya kuandikishwa na kudumu kazini? Moyo hujibu upesi kwamba anayo. Lakini historia na sheria hutuonyesha kwamba ndani ya swali hilo moja mna maswali matatu, na mtu asiyeyatenganisha aweza kupoteza hata haki iliyo yake waziwazi.

Kikaratasi na mapatano

Lugha yetu yenyewe hutunza kumbukumbu. Neno "kibarua" latokana na "barua". Kibarua kilikuwa barua ndogo, kikaratasi alichopewa mtu wa kazi ya kutwa ili siku zake zihesabiwe na alipwe. Baadaye jina la kikaratasi likawa jina la mtu mwenyewe. Basi hata kibarua wa zamani, aliye wa chini kuliko wote kazini, alikuwa na alama mkononi ya kuonyesha kwamba alifanya kazi.

Kiswahili kilifika kwetu pamoja na misafara. Hamed bin Muhammed el-Murjebi, ajulikanaye kwa jina la Tippu Tip, alifanya makao yake Kasongo katika miaka ya 1870, na Kabambare ilikuwa kituo katika njia ya kutoka Ujiji kwenda Nyangwe. Katika misafara hiyo watu wa namna mbili waliweza kubeba mzigo wa uzito uleule: wapagazi, hasa Wanyamwezi, waliopatana ujira wao kabla ya safari, na watumwa, ambao hawakupatana lolote na mtu yeyote. Pembe za ndovu hazikuwa nyepesi kwa huyu na nzito kwa yule. Kilichowatenganisha kilikuwa mapatano.

Jeshi la Dola Huru la Kongo liliiteka Kasongo tarehe 22 Aprili 1893, na Kabambare mwezi wa Januari 1894. Mabwana walibadilika, lakini kazi isiyo na mapatano haikukoma. Mwaka 1917 serikali ya kikoloni iliweka sheria ya kulima kwa lazima, na Maniema ilikuwa miongoni mwa sehemu za kwanza za Kongo kujaribiwa pamba. Wazee wetu wa Kasongo waliijua pamba kama kazi ambayo mkulima hakuichagua, na bei yake hakuipanga.

Wale walioajiriwa kwa ujira waliwekwa chini ya dekreti ya tarehe 16 Machi 1922. Dekreti hiyo ilitaka mkataba usizidi miaka 3, na mfanyakazi aliyeuvunja aliweza kutiwa gerezani. Mpango huo ulibeba wazo moja kumhusu mtu mweusi: kwamba kazini yeye ni mpita njia, atatumika kisha atarudi kijijini. Kazi ilikuwa ya kudumu. Mtu alikuwa wa muda. Tulishike wazo hilo, kwa sababu halikuondoka pamoja na Wabelgiji.

Katika ofisi za serikali mambo hayakuwa tofauti sana. Makarani Wakongo waliwekwa katika kundi la "wasaidizi", chini ya sheria yao ya pekee, mbali na maofisa Wazungu. Karani aliweza kutumika miaka 20, akajua kazi kuliko mkuu wake aliyeshuka juzi kutoka Ulaya, na bado akaitwa msaidizi. Patrice Lumumba naye, aliyeanza kazi katika kampuni ya Symétain huko Kalima, katika Maniema yetu, kisha akawa karani wa posta Stanleyville, aliyaonja maisha hayo. Sheria moja ya watumishi wote ilikuja mwaka 1959 tu, ikiwa imechelewa mno. Siku ya uhuru, tarehe 30 Juni 1960, kati ya nafasi za juu karibu 5,000 za utumishi wa serikali, Wakongo walishika 3 tu.

Tunajifunza nini hapo? Kwamba mtu aweza kubaki "wa muda" maisha yake yote si kwa kukosa akili wala bidii, ila kwa sababu walioandika vitabu hawakumwekea mstari wa jina lake. Kuitwa wa muda si tabia ya mtu. Ni uamuzi wa wengine juu yake.

Nani alimwajiri mwalimu?

Shule za kwetu zilianzishwa kwa sehemu kubwa na wamisionari. Mwalimu wa kwanza wa vijiji vingi alikuwa katekista, na misheni ndiyo iliyomlisha. Kuanzia miaka ya 1920 serikali ya kikoloni ilitoa ruzuku kwa shule za misheni. Baada ya uhuru, mwishoni mwa mwaka 1974, utawala wa Mobutu uliamua kuzitaifisha shule. Haukupita muda mrefu kabla haujaona kwamba hauwezi kuziendesha peke yake, na tarehe 26 Februari 1977 Serikali na Makanisa walitia sahihi mapatano yanayotawala shule zetu hata leo: shule ni ya umma, Kanisa huisimamia, na Serikali huwalipa walimu.

Hapo ndipo fundo lilipofungwa. Tangu siku hiyo mwalimu wa shule ya kikatoliki yenye mapatano ana, kama tuwezavyo kusema, waajiri wawili. Mmoja humchagua na kumpa darasa. Mwingine humpa namba na mshahara. Wakienda pamoja, mwalimu hupata haki yake. Wakiachana njia, yeye huanguka katikati.

Nao waliachana. Katika miaka ya 1990 uchumi wa nchi ulivunjika, na mshahara wa mwalimu ukawa hautoshi hata kununua chumvi na sabuni. Ili shule zisifungwe, wazazi walianza kuwalipa walimu primu. Ulikuwa msaada wa dharura, lakini ulidumu zaidi ya miaka 25. Kisha vita vilipita katika Maniema, watoto wakaongezeka, madarasa yakagawanywa, shule mpya zikafunguliwa vijijini. Kila darasa lilitaka mwalimu, na mwalimu alipatikana. Barua yake ya kuombewa namba ilipelekwa Kindu, kisha Kinshasa. Akingoja jibu, wazazi walimlipa. Shule nyingi zilisimama kwa njia hiyo, na heshima ya jambo hilo iwaendee wazazi wetu wakulima na wachimbaji.

Mwezi wa Septemba 2019 Serikali ilianza kutekeleza ahadi ya Katiba ya 2006, kifungu cha 43: elimu ya msingi katika shule za umma iwe bure. Ni jambo jema, na watoto wengi wa maskini waliingia darasani kwa sababu yake. Lakini primu ya wazazi ilipokatazwa katika shule za msingi, mwalimu mwenye namba alibaki na mshahara wake, na yule asiye na namba alibaki na mikono mitupu. Watoto waliongezeka darasani mwake, na ujira wake ukatoweka mwezi uleule. Tangu hapo Serikali imekuwa ikiwaandikisha kwa awamu, na walimu wamegoma mara kwa mara wakidai ahadi zitimizwe. Bado wako wanaongoja.

Sheria yasemaje?

Mwaka 1981 ulileta maandiko mawili yanayotuhusu. Tarehe 17 Julai nchi yetu, wakati huo Zaire, ilitoa sheria namba 81-003 juu ya watumishi wa kudumu wa Serikali. Miezi miwili baadaye, tarehe 14 Septemba, Papa Yohane Paulo II alitoa waraka wake *Laborem Exercens* juu ya kazi ya binadamu. Sheria ile ya 1981 imekwisha kubadilishwa na sheria namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016. Kwa maneno machache, mtu huwa mtumishi wa kudumu wa Serikali kwa kupita mlango unaojulikana: nafasi iwepo, mashindano yafanyike, muda wa kujaribiwa upite, kisha barua ya uteuzi itolewe. Miaka ya kutumika, peke yake, si mlango huo.

Lakini kuna sheria nyingine. Kodi ya Kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002 haiwahusu watumishi wa kudumu wa Serikali, maana hao wana sheria yao. Inawahusu, hata hivyo, wale walioajiriwa na idara za Serikali kwa mkataba wa kazi. Nayo yasema mambo mazito. Mtu akiajiriwa kushika kazi iliyo ya kudumu, mkataba wake lazima uwe wa muda usio na kikomo. Mkataba wenye kikomo hauwezi kupita miaka 2, wala kurudiwa zaidi ya mara moja. Mtu wa kazi ya kutwa akiisha kufanya siku 22 ndani ya miezi miwili, akiajiriwa tena kabla miezi hiyo haijaisha, huhesabiwa kuwa mfanyakazi wa muda usio na kikomo. Na mkataba usipoandikwa, mfanyakazi aweza bado kuuthibitisha kwa njia nyingine.

Vijana, lipimeni jambo hili. Kibarua wa siku 22 sheria humlinda. Mwalimu wa miaka minane, ambaye hakuna aliyemwandikia mkataba wala aliyemteua kwa barua ya Serikali, husimama mpakani kati ya sheria mbili, na kila moja humwelekeza kwa nyingine.

Si kwetu tu. Nchini Kenya, mwezi wa Aprili 2024, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ilitoa hukumu kwamba kuwaajiri walimu wenye vyeti kamili kama "wanagenzi" kulikiuka haki yao ya kutendewa kwa haki kazini. Kwa upande mwingine, Mahakama Kuu ya India iliamua tarehe 10 Aprili 2006, katika kesi ya Umadevi, kwamba wafanyakazi wa muda wa serikali hawana haki ya kudumishwa kwa sababu tu wametumika muda mrefu. Ilitoa sababu ambayo hatuwezi kuidharau: nafasi ya serikali ni mali ya raia wote, na anayeingia kwa mlango wa nyuma humnyima yule aliyengoja mbele. Hata hivyo, mahakama hiyohiyo iliiagiza serikali iwaangalie, mara moja tu, wale waliotumika miaka 10 au zaidi katika nafasi halali wakiwa na sifa zinazotakiwa.

Maswali matatu ndani ya moja

Sasa twaweza kuyatenganisha maswali yetu.

La kwanza: je, mwalimu huyu ana haki ya kulipwa kwa kazi aliyokwisha kuifanya? Hapa hatuoni nafasi ya kusitasita. Katiba yetu, katika kifungu cha 36, huiita kazi haki na wajibu mtakatifu, na kudai malipo ya haki yanayomwezesha mfanyakazi na jamaa yake kuishi kwa heshima. Torati iliagiza ujira wa maskini utolewe kabla jua halijatua, na mtume Yakobo alifundisha kwamba ujira ulionyimwa una sauti, nayo humfikia Mungu. Haki hii haingoji namba. Inazaliwa siku ileile kazi inapofanywa.

La pili: je, yafaa kazi ya kudumu ifanywe na mtu anayeitwa wa muda mwaka baada ya mwaka? Watoto wa darasa la tatu hawatakwisha Kasongo. Darasa hilo ni la kudumu kama mto Lualaba. Kumweka mbele yake mwalimu "wa muda" kwa miaka minane ni kurudia lile wazo la 1922, kwamba kazi hudumu lakini mtu hupita. Nchi yetu iliridhia mwaka 1987 Mkataba namba 158 wa Shirika la Kazi Duniani, unaotaka mikataba ya muda isitumiwe kukwepa ulinzi wa mfanyakazi. Basi mwalimu ana haki ya kudai kwamba Serikali iamue: ama nafasi hiyo ipo, na ijazwe kihalali, ama haipo, naye aambiwe mapema ajitafutie maisha. Kumwacha akingoja bila neno ni dhuluma ya pekee, kwa sababu hula miaka, na miaka hailipiki.

La tatu: je, miaka aliyotumika humpa haki ya kupewa nafasi hiyo moja kwa moja, bila kupimwa na bila kushindana? Hapa wengine kati yetu husita, na twadhani wana sababu. Katiba, kifungu cha 13, hukataza ubaguzi katika kuingia kazi za umma. Na ninyi vijana mnaomaliza masomo mwaka huu mkiwa hamna mjomba ofisini, mu raia pia. Katika mfano wa shamba la mizabibu, katika Mathayo 20, twawakumbuka upesi wale waliochoma jua mchana kutwa. Tusiwasahau wale waliosimama sokoni tangu asubuhi bila kupata wa kuwaajiri. Zaidi ya hayo, kaguzi za fedha za Serikali zimefichua majina ya uongo katika listi za walimu. Kila jina la uongo lililoingizwa bila kupimwa limekula mshahara wa mwalimu wa kweli.

Kwa hiyo sisi twasema hivi: miaka ya kutumika si cheti cha kumiliki nafasi, lakini si bure. Ni ushahidi. Aliyefundisha miaka minane amekwisha kujaribiwa kuliko muda wowote wa majaribio ambao sheria ingemdai. Haki yake ni kupimwa kwanza, waziwazi, mbele ya wote, na miaka yake ihesabiwe. Asipitwe na jina lililotoka Kinshasa ambalo hakuna mtoto wa Kabambare aliyewahi kuliona likishika chaki. Upimaji wa wazi humlinda yeye kuliko mtu mwingine. Anayeogopa mashindano ya haki ni yule asiyekuwa darasani.

Tena nafasi ziko, ila zimefungwa. Walimu wazee wengi hawastaafu kwa sababu wakitoka hawana uhakika wa kulipwa haki zao. Hatuwezi kuwalaumu. Lakini tukitaka kijana aandikishwe, tudai pia mzee apumzishwe kwa heshima. Hizo ni haki mbili za nyumba moja.

Na sisi je?

Ingekuwa rahisi kuufunga ukurasa huu kwa kuinyoshea Serikali kidole. Lakini *Laborem Exercens* hufundisha kwamba mwajiri si yule tu anayetia sahihi mkataba. Wako na waajiri wasioonekana, yaani wote wanaopanga masharti ambayo mfanyakazi hulazimika kuyafuata. Twaamini Kanisa, lisimamialo shule, limo katika hesabu hiyo. Nasi walei tumo, tunaokaa katika kamati za wazazi, tunaoomba shule mpya kila kijiji bila kuuliza mwalimu wake ataandikishwa lini, tunaopendekeza jina la ndugu mahali pa jina la anayestahili.

Kuna jambo dogo lililo ndani ya uwezo wetu: kikaratasi. Kibarua wa zamani alipewa alama ya siku zake. Mwalimu wetu naye apewe barua yake ya kuanza kazi yenye tarehe, na kila mwaka kuzama kwake kazini kuandikwe na kutiwa sahihi na mkurugenzi, nakala ibaki parokiani. Siku ya kuhesabu itakapofika, mbele ya tume au mbele ya hakimu, asiwe mtu wa kusema tu "nilikuwapo". Aweze kuonyesha. Vijana wenye mwandiko mzuri na muda wa jioni wanaweza kuisaidia shule ya parokia kutengeneza daftari hilo hata mwezi huu. Halitampa mtu namba. Litazuia tu miaka yake isipotee.

Mababu zetu walibeba pembe katika njia ya Kabambare, na hakuna daftari lililotunza majina yao. Tusikubali kwamba waliowafundisha watoto wetu kusoma wapotee vilevile.

*Ya kutafakari kikundini*

1. Katika shule ya parokia yetu, ni walimu wangapi wanaofundisha bila namba au bila mshahara? Tunajua walianza lini?

2. Kati ya yale maswali matatu, ni lipi linalotugawa sisi vijana? Yule anayengoja kuajiriwa na yule anayengoja kuandikishwa wawezaje kudai haki pamoja bila kuwa adui?

3. Je, tumewahi kufaidika, sisi au jamaa zetu, na nafasi iliyotolewa kwa upendeleo? Nani aliikosa?